Kabati Linalochezea Saa

Waswahili hawakukosea waliponena kwamba wakati ni ukuta, ukipigana nao utaumia mwenyewe. Muhula uliopita, wiki moja kabla ya mtihani, mwenzangu mmoja hapa chamani alishusha pumzi akasema, "Laiti ningekuwa na lile kabati la Narnia! Ningeingia na vitabu vyangu, nidurusu miaka mitatu, halafu nitoke kabla kengele haijalia." Tulicheka sana. Lakini wengi walicheka tu bila kujua ni kabati gani. Ndio maana nimeshika kalamu.

Kabati hilo halipo popote duniani. Limo katika kitabu kiitwacho The Lion, the Witch and the Wardrobe, kilichotungwa na C. S. Lewis, mzaliwa wa Belfast, na kuchapishwa mwaka wa 1950. Ni kimoja kati ya vitabu saba kuhusu nchi ya kubuni, Narnia. Humo, watoto wanne, yaani Peter, Susan, Edmund na Lucy, wanaondolewa London kwa sababu ya mabomu ya vita na kupelekwa mashambani kwa profesa mmoja mzee. Katika nyumba hiyo kuna chumba kitupu chenye kabati kubwa la nguo. Lucy, aliye mdogo wao, anaingia katikati ya makoti. Badala ya kugusa mbao za nyuma, anajikuta amekanyaga theluji. Amefika Narnia!

Sasa hebu tutazame mambo ya wakati. Lucy anakaribishwa chai na kiumbe aliye nusu mtu nusu mbuzi, na anakaa huko saa nyingi. Anaporudi mbio kuwatuliza nduguze, wanamshangaa. Wanamwambia ndio kwanza wametoka chumbani! Wanalifungua kabati na kukuta mbao tupu. Basi anaitwa mwongo.

Hapa ndipo profesa anaponifurahisha. Ndugu zake wanasema muda huo mfupi ni ushahidi kwamba Lucy anadanganya. Profesa anasema ni kinyume chake. Mtoto anayetaka kudanganya angejificha kwanza kwa muda wa kutosha, ndipo atoke na hadithi yake. Tena kama kweli kuna dunia nyingine, si ajabu ikiwa na wakati wake yenyewe. Baadaye wote wanne wanaingia, wanatawala Narnia mpaka wanakuwa watu wazima, na siku moja wakiwa mawindoni wanatokea tena kabatini. Wamekuwa watoto vilevile, na saa ni ileile waliyoingilia.

Kwa nini kabati liwe na uwezo huo? Jibu limo katika The Magician's Nephew, kitabu kilichotoka mwaka wa 1955. Profesa alipokuwa mvulana alileta tunda kutoka Narnia ili kumponya mama yake aliyekuwa mgonjwa mahututi. Alizika mabaki ya tunda hilo, ukaota mti. Miaka mingi baadaye dhoruba iliuangusha, naye akaagiza mbao zake zitengenezwe kabati. Kwa hivyo kabati lenyewe ni mlango tu. Kilichopinda ni wakati ulio kati ya dunia hizi mbili.

Mwenzangu aliyetaka kudurusu miaka mitatu asome pia vitabu vinavyofuata. Katika Prince Caspian cha 1951, umepita mwaka mmoja tu Uingereza, lakini watoto wanaporudi Narnia wanakuta mamia ya miaka yamepita. Ngome yao ni magofu, na marafiki waliowaacha wamekufa zamani. Katika kitabu kinachofuata, mwaka mmoja wa Uingereza unakuwa mitatu tu ya Narnia. Unaona? Hakuna kanuni. Hata mwalimu wetu wa hesabu hawezi kulichorea grafu kabati hili. Ukiingia, hujui wakati utakula upande gani.

Huenda ukauliza, je, wakati wetu nao unaweza kupindika? Ndiyo, lakini kidogo mno. Mwaka wa 1905, Albert Einstein alieleza kwamba saa inayokwenda kwa kasi huchelewa ikilinganishwa na iliyotulia. Mwaka wa 1971, Joseph Hafele na Richard Keating walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria. Waliporudi, saa hizo zilitofautiana na zile zilizobaki nyumbani kwa sehemu ndogo sana ya sekunde. Lakini sayansi ina kanuni ya kulipiga hesabu jambo hilo. Narnia haina.

Sehemu iliyoniuma zaidi imo katika The Silver Chair cha mwaka wa 1953. Mvulana aitwaye Eustace alikuwa amesafiri baharini na Mfalme Caspian angali kijana. Anaporudi Narnia baada ya miezi michache tu ya kwetu, anaona mzee mwenye ndevu nyeupe akipanda merikebu. Hamtambui. Anapoambiwa kwamba yule ndiye Caspian, merikebu imeshang'oa nanga.

Niliposoma hapo nilifunga kitabu kwanza. Mamangu alikwenda Saudia kufanya kazi nikiwa na miaka minane, akarudi nikiwa na kumi na minne. Anasema kule siku zote zilifanana, kana kwamba ni siku moja ndefu. Lakini huku nyumbani mimi nilikuwa nimempita kimo, na nyanya, mama yake mzazi, alikuwa amezeeka na kupoteza kumbukumbu. Mama alipomsalimu, nyanya aliitikia vizuri, kisha akaniuliza mimi, "Huyu mgeni ni nani?"

Kwa hivyo, ndugu yangu, usililie kabati. Halitoi wakati wa bure. Usipolipa ukiwa ndani, utalipa ukirudi, au watakulipia wale uliowaacha nje. Mtihani tudurusu kwa saa hizihizi tulizo nazo, na aliye na nyanya akamwamkue leo angali anamjua. Chelewa chelewa utampata mwana si wako.