Daktari wa Ujiji na Maji Yaliyokula Mashamba

Ukienda Ujiji kuuona mnara wa Livingstone, utaonyeshwa miembe inayosemekana kuwa ni uzao wa mwembe wa mwaka 1871, kisha utasimuliwa habari za Stanley aliyekutana naye hapo. Hizo kila mtoto wa shule mkoani Kigoma anazijua. Kinachosahaulika ni kwamba Ziwa Tanganyika lenyewe limesogea. Zama zile maji yalikuwa karibu zaidi na mji. Leo kutoka mnarani mpaka mwaloni ni mwendo. Na miongoni mwa watu wa mwanzo kuandika kwamba ufukwe wa Ujiji hautulii mahali pamoja ni Livingstone huyo huyo, aliyekuwa daktari.

David Livingstone alipata cheti cha udaktari Glasgow mwaka 1840. Alipoingia Ujiji, Machi 1869, mgonjwa alikuwa yeye. Mapafu yalikuwa yamemlemea, sanduku lake la dawa lilikuwa limeibwa tangu 1867, na sehemu kubwa ya mizigo aliyotumiwa kutoka Unguja ilikuwa imeporwa. Hana dawa, hana nguvu, na safari imekwama. Ikabaki kazi moja aliyoiweza hata akiwa amekaa: kutazama, kuuliza na kuandika.

Kazi hiyo aliijua vizuri. Kitabu chake cha mwaka 1857 kilieleza madhara yanayompata mtu aliyeumwa na papasi, karibu miaka 50 kabla wanasayansi hawajathibitisha kwamba mdudu huyo huambukiza homa. Akiwa Manyema mwaka 1871, karatasi zilipomwishia, aliandika juu ya magazeti ya zamani, akikatisha mistari ya chapa kwa wino aliokamua kwenye mmea. Wino ule ulififia mno, hata watafiti wa karne hii walilazimika kupiga kurasa picha kwa mianga ya rangi mbalimbali ndipo maandishi yakasomeka.

Katika maandishi yake ya Ujiji kuna jambo ambalo mimi naliona kubwa kuliko kukutana kwake na Stanley. Aliandika kwamba ziwa limeula ufukwe wa upande wa Ujiji kwa zaidi ya maili moja, na kwamba mahali ambapo watu waliokuwa hai bado walipakumbuka kuwa mashamba, sasa pana kina cha pima mbili hivi za maji. Pima mbili ni zaidi ya mita tatu na nusu. Habari hiyo isingepatikana bila kumbukumbu za wenyeji, watu walioona mashamba yale kwa macho yao.

Akatazama pia majani na mwani vikielea kuelekea kaskazini, akakadiria kasi yake, akahitimisha kwamba Tanganyika ni kama mto mpana unaokwenda kaskazini kuulisha Nile. Hapo ndipo alipoteleza. Kiangazi, kati ya Mei na Septemba, upepo wa kusi huvuma kwa nguvu juu ya ziwa hili lenye urefu wa kilomita 670 hivi na kusukuma maji ya juu, yenye joto, kuelekea kaskazini. Upande wa kusini maji baridi ya chini hupanda kuziba pengo, yakibeba rutuba inayolisha vijidudu, na vijidudu vikalisha dagaa, na dagaa wakaliwa na migebuka. Kusi likipungua, matabaka hayo mawili hubembea ndani ya ziwa kwa majuma kadhaa. Majani aliyoyaona yalikuwa yanasafiri kweli, lakini kuelea kaskazini si ushahidi wa mlango wa kutokea.

Novemba 1871 yeye na Stanley walipanda mtumbwi mpaka ncha ya kaskazini kuuona Mto Rusizi. Maji yake yalikuwa yanaingia ziwani.

Jibu alikuwa nalo tayari daftarini. Ziwa ambalo mlango wake uko wazi halimezi mashamba ya watu mwaka baada ya mwaka. Mlango wa Tanganyika ni Mto Lukuga, magharibi, karibu na Kalemie ya leo, na miaka ile ulikuwa umezibwa na mchanga na magugu. Msafiri Verney Lovett Cameron aliufikia mwaka 1874 akaukuta umejaa mimea. Maji yaliendelea kupanda hadi mwishoni mwa miaka ya 1870, yakavunja kizuizi, na katika muda wa miaka kama 15 ziwa likashuka takriban mita 10. Lukuga humwaga maji yake Lualaba, mto ambao Livingstone aliutazama pale Nyangwe akidhani ni Nile. Ni Kongo. Stanley alilithibitisha hilo mwaka 1877. Daktari alikuwa amekwisha kufa, Mei 1873, katika kijiji cha Chitambo.

Kwa sokwe wa Manyema ilikuwa vivyo hivyo. Alipewa mtoto wa sokwe ambaye mama yake aliuawa, akaandika jinsi alivyokuwa akinyoosha mkono abebwe kama mtoto wa mtu, na jinsi alivyolia asipobebwa. Kisha akamwita sokwemtu huyo gorila. Jicho lake naliamini kuliko mahitimisho yake, na sidhani kwamba huko ni kumdharau.

Ziwa halijaacha mwendo wake. Lilipanda sana mwaka 1964, likapanda tena kuanzia 2020, likaingia kwenye mialo ya Kigoma na kuwahamisha watu wa Gatumba, Burundi. Lukuga bado ni mlango mwembamba, na maji mengi ya Tanganyika hutoka kwa kugeuka mvuke. Mvua ikizidi miaka miwili mitatu mfululizo, ufukwe unahama. Kwa hiyo wewe uliye Ujiji, Katonga au Kibirizi, ukiwa bado una mzee anayekumbuka maji ya 1964 yalifika nyumba ya nani, muulize wiki hii, uandike jina la mahali na mwaka.