Kitoto na Kama Mtoto

Katika soko la Rumonge, Burundi, kando ya Ziwa Tanganyika, penye samaki wa ndagala na mukeke, bei ya fungu moja hupangwa kwa Kirundi na Kiswahili kwa zamu. Muuzaji atasema mteja wake analia kama mtoto, kisha amgeukie jirani na kusema nk'umwana. Hapo ndipo pa kuanzia kwa mtu anayetaka kujua lugha zinavyotaja ufanani.

Neno la Kirundi ni nka. Likikutana na umwana, irabu yake humezwa, likabaki nk' na kuambatana na nomino. Kama yetu tumeipata kwa Kiarabu, pamoja na mithili na sawa. Ng'ambo ya ziwa, Uvira na Fizi, sawa yenyewe hushika nafasi ya kama: analia sawa mtoto.

Lakini Kiswahili kina njia nyingine, ya Kibantu hasa: analia kitoto. Kama huweka vitu viwili ubavu kwa ubavu ili tuvilinganishe. Ki- hueleza namna tendo linavyofanyika. Ki- hiyohiyo ndiyo inayotaja lugha: Kirundi, Kiha, Kibembe. Kusema Kirundi ni kusema kwa namna ya Warundi.

Jambo hili limenivutia kwa muda mrefu, kwa sababu watu ambao lugha zao hazina undugu na za Kibantu wamefika palepale. Mturuki huongeza -ça au -çe mwishoni: çocuk ni mtoto, çocukça ni kitoto, na Türkçe ni Kituruki. Greenland, lugha iliyo rasmi pekee tangu 2009 huitwa Kalaallisut, yaani kama Wakalaallit, wenyeji wa huko. Kidenmarki kwao ni qallunaatut, kama Wadenmarki.

Mwisho huo wa Kigreenland, -sut au -tut, wanaisimu huuhesabu kuwa uhusika: nomino hubadilishwa umbo ili kuonyesha kazi yake katika sentensi. Wazo hilo si geni kwetu. Soko likiwa sokoni, ziwa likiwa ziwani, -ni imefanya kazi ya aina hiyo, ila yetu hutaja mahali na yao hutaja mfanano. Wasumeri pia, katika maandishi ya kale ya Mesopotamia, walikuwa na kiambishi cha namna hiyo mwishoni mwa nomino.

Sisi viambishi tamati vya mfanano tunavyo upande wa vitenzi. Tazama fanana, lingana, wiana: vyote huishia na -ana, ileile ya pigana na pendana. Mtu hafanani peke yake, ni lazima awepo wa pili. Kirundi nacho husema kungana kwa vitu vilivyo sawa kwa ukubwa.

Kifini kinatufundisha tofauti ambayo waandishi wetu wanaanza kuipoteza. Kalastaja ni mvuvi. Akisema jambo kalastajana, basi ni mvuvi kweli na anasema kwa nafasi yake hiyo. Akilisema kuin kalastaja, anafanana na mvuvi tu, na huenda hajawahi kushika wavu. Kuwa ni jambo moja, kufanana ni jingine, na Kifini hakiyachanganyi.

Kiswahili pia hakikuyachanganya. Cha kwanza ni akiwa mvuvi, cha pili ni kama mvuvi. Siku hizi, kwa kufuata Kiingereza na Kifaransa neno kwa neno, magazeti na redio husema "alizungumza kama mwenyekiti wa ushirika wa wavuvi" juu ya mtu aliyechaguliwa kihalali kuushika uenyekiti huo. Msikilizaji ana haki ya kuuliza: kwani si mwenyekiti? Naliona ni kosa, tena la kupoteza maana, kwani wavuvi wakisikia hivyo wanaweza kudhani kuna aliyejifanya kiongozi wao.

Wahariri na walimu wa Bujumbura, Rumonge na Kigoma, nawaomba: mtu akiwa ndiye, andikeni akiwa. Kama iachieni mfanano.