Mwandishi wa filamu Bariadi asiuze na haki zake

Machi 2012 Simiyu ilitangazwa kuwa mkoa, sehemu kubwa, Bariadi ikiwemo, ikimegwa kutoka Shinyanga. Mwezi uliofuata, tarehe 7 Aprili, mwigizaji wa filamu Steven Kanumba, mzaliwa wa Shinyanga, alifariki dunia jijini Dar es Salaam akiwa na miaka 28. Kwa kijana wa Bariadi anayetaka kuishi kwa kuandika filamu, hakuna darasa la karibu zaidi ya kazi ya Kanumba. Alianzia kundi la Kaole akiigiza, akaingia kwenye kuandika na kuongoza, kisha akafungua kampuni yake. Mwaka 2011 alitoa Devil Kingdom akiwa na Ramsey Nouah wa Nigeria. Njia hiyo inafundisha kwamba mwenye skripti tu hulipwa mara moja, ila mwenye kampuni ndiye anayekaa na msambazaji kupanga bei.

Hata hivyo, bei hiyo nayo ilikuwa na wenyewe. Enzi za DVD soko lilikuwa mikononi mwa wasambazaji wachache wa Kariakoo. Prodyuza alipeleka nakala kuu (masta), akalipwa kwa mkupuo, na mara nyingi haki zote zikabaki huko huko. Filamu iuze miaka kumi, yeye hana chake. Simiyu inayajua haya kupitia pamba: mkulima huuza ghafi, faida ya uzi na kitambaa huonekana kwingine.

Stempu za kodi za TRA zilizoanza 2013 hazikuiokoa DVD dhidi ya nakala za wizi. Leo wanunuzi ni televisheni, kama chaneli ya Sinema Zetu ya Azam, na mitandao. Filamu ya Binti, ya Seko Shamte, imefika Netflix. Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto 2021. Riwaya ile ilitoka miaka mingi kabla ya filamu, na bado ilikuwa mtaji.

Sheria ya hakimiliki ya 1999 inamlinda mwandishi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo. Kwa hiyo, kijana wa Bariadi, Maswa au Meatu, sajili skripti yako COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla hujampa mtu. Mkataba utaje muda, nchi na chaneli. Ukikuta umeandikwa “haki zote, milele”, usitie saini.