Baraka, Mji wa Barabara Moja Kuu

Mtu wa Kigoma akishuka pwani ya Baraka, wilayani Fizi, Kivu Kusini, hurudisha saa yake nyuma kwa saa moja na kujikumbusha kwamba Kongo magari hupita kulia. Kwa kweli, penye mashimo dereva hupita palipo pakavu. Ugeni mwingine ni mdogo: nyumbani Wabembe huongea Kibembe, lakini sokoni na kwenye pikipiki za abiria Kiswahili ndicho kinachotawala.

Mtaa mkuu ni kipande cha Barabara ya Taifa Namba 5, itokayo Lubumbashi kupitia Kalemie, Fizi, Baraka na Uvira hadi Bukavu. Jina ni kubwa kuliko hali yake. Sehemu kubwa ni udongo mtupu, vumbi kiangazi na tope masika, ingawa Baraka ilitajwa kuwa mji rasmi kwa amri ya serikali ya mwaka 2013.

Kinachoupa mtaa uhai ni ziwa. Wavuvi wa ndagala, dagaa wa Tanganyika, hutoka usiku na taa za kuwavuta samaki. Mbalamwezi ikikomaa taa hazina nguvu, mitumbwi hupumzika na bei hupanda. Unga wa muhogo hupimwa kwa gigozi, kopo la maziwa ya unga lililogeuzwa kipimo, na mezani ukishapikwa huitwa bukari, ukaliwa na sombe, yaani kisamvu, au samaki aina ya mikeke. Dola hutumika pamoja na faranga, lakini kwa masharti ya ajabu: dola iliyochanika kidogo tu ukingoni hukataliwa, huku faranga iliyochakaa ikipokelewa bila neno.

Mbele ya mji kuna Ghuba ya Burton, na ng'ambo yake rasi ya Ubwari, ambayo wapelelezi Waingereza Burton na Speke walidhani ni kisiwa walipopita mwaka 1858. Mwishoni mwa Septemba 1965 mamluki wa Mike Hoare, waliopigania serikali ya Kongo, walitua hapa kwa boti kuwang'oa waasi wa Simba, wakati Che Guevara na Wakuba wake, waliokuja kuwasaidia waasi hao, wakiwa milimani kusini. Vita vya Kongo vya 1996 na 1998 viliwavusha maelfu hadi kambi za wakimbizi za Kigoma, zikiwemo Nyarugusu na Lugufu. Kuanzia 2005 meli za kuwarejesha zilitia nanga hapahapa. Wengi walirudi na watoto waliozaliwa na kusoma Tanzania, na matamshi yao bado yanawatambulisha.

Kusini barabara inaliacha ziwa, inapanda hadi Fizi, makao ya wilaya, kisha inaelekea Lulimba na Misisi kwenye machimbo ya dhahabu. Huko ndiko ndagala wakavu hupata wanunuzi wenye fedha mkononi, mradi mvua zisiwe zimebomoa daraja na kuyakwamisha malori njiani.