Jina la mama lisikatwe



Mwaka 1977 Marekani ilirusha angani vyombo viwili, Voyager 1 na Voyager 2. Kila kimoja kilibeba sahani ya shaba iliyopakwa dhahabu, yenye salamu na nyimbo za dunia. Wimbo mmoja ni wa kwetu Ituri: mabinti Wambuti wanaimba katika elima, desturi ya kumpokea binti anapoona mwezi mara ya kwanza. Mtafiti Mwingereza, Colin Turnbull, aliurekodi msituni. Kwenye sahani wimbo huo unachukua sekunde 56. Katika orodha ya nyimbo jina la Turnbull limo. Majina ya mabinti hayamo.

Jambo hilo limefika nyumbani kwetu pia. Mama yangu mkubwa, ambaye hayupo tena, alituachia kaseti moja. Anaeleza namna wamama wa mtaa wetu walivyoanza likelemba. Tulimpa mwandishi mmoja wa habari, akaitumia katika kipindi cha televisheni. Tuliketi wote kusikiliza. Sauti ilitoka safi, lakini binti yangu akauliza: “Mama, huyu anayesema ni nani?” Mama mkubwa alijitaja mwanzoni mwa kaseti, na mwanzo ndio uliokatwa.

Nilimwuliza mwandishi, naye akanieleza kazi yake, ile wanayoita montaji. Kwanza kaseti inanakiliwa kwenye kompyuta, na ya asili inawekwa pembeni. Kisha wanapunguza mchakacho wa utepe na mngurumo wa umeme, polepole, kwa sababu ukisafisha kupita kiasi sauti inakuwa kama ya mtu anayesemea ndani ya ndoo. Baadaye wanachagua maneno na kukata pale msemaji anapovuta pumzi. Mwisho wanaunganisha sauti na picha. Muda ni mfupi, kwa hiyo utambulisho huondoka wa kwanza.

Lakini jina linaweza kuandikwa chini ya picha. Halili hata sekunde moja ya sauti.

Basi, mtu akiomba kaseti yenu au sauti iliyo kwenye telefoni, fanyeni hivi:

Msitoe ya asili. Inakiliwe mbele yenu, mrudi nayo nyumbani.

Andikeni kwenye karatasi jina la msemaji, kijiji chake, mwaka na lugha. Ombeni jina lionekane kwenye picha.

Ombeni kusikiliza kabla haijatangazwa. Mama akisema, “Tulitaka kuacha, lakini tuliendelea,” ukikata kwenye “kuacha” umemgeuza mtu mwingine.

Na anayerekodi leo aanze kwa kumwuliza mama jina lake, kisha alirudie tena mwishoni. Mkato mmoja hautaondoa yote mawili.

Wimbo wa mabinti wa elima umeenda mbali kuliko kitu chochote kilichotengenezwa na mikono ya watu, bila majina yao. Sauti za mama zetu zisifike hata Mudzipela bila jina.