Kamera Moja, Kazi Kumi: Judy Kibinge na Pesa Inayokuja kwa Vipande

Ukipita Kisii mjini, Keroka au Nyamira mwezi wa Disemba, hukosi kumwona kijana na kamera begani. Ijumaa yuko mazishini, Jumamosi harusini, Jumapili anarekodi video ya kwaya. Watu humwuliza, "Lakini wewe kazi yako hasa ni gani?"

Judy Kibinge wa Nairobi angeulizwa hivyo hivyo. Alisomea usanifu Manchester, Uingereza, akafika cheo cha mkurugenzi wa ubunifu katika kampuni ya matangazo ya McCann Erickson. Mshahara kila mwezi! Mwishoni mwa miaka ya 1990 akauacha, aende kutengeneza filamu Kenya, ambako wakati huo zilikuwa za kuhesabu.

Mwaka 2002 akatoa Dangerous Affair, mapenzi na usaliti wa watu wa Nairobi. Mwaka 2004 ikaja Project Daddy, ya kuchekesha. Pia alifanya filamu fupi na makala za video. Mwaka 2013 ikatoka Something Necessary, kuhusu muuguzi anayejaribu kuanza maisha upya baada ya ghasia za uchaguzi wa 2007. Msomaji wetu wa Borabu, pale mpakani na Sotik, hahitaji kuelezwa ghasia hizo. Kisha akageukia mauaji ya Wagalla, Wajir, ya 1984, katika Scarred. Na katikati ya hayo yote akaanzisha Docubox, mfuko wa kusaidia watengenezaji wa filamu za ukweli Afrika Mashariki.

Kwa mtu wa kujitegemea, kazi nyingi namna hiyo si tamaa. Filamu hula pesa kabla ya kuleta pesa: nauli, chakula cha wasaidizi, kukodi taa. Kazi moja inabeba nyingine.

Basi wewe wa kamera, gawanya malipo mara tatu: kabla ya kwenda, siku ya kurekodi, na kabla ya kukabidhi video kamili. Mwandikieni makubaliano hata kwa WhatsApp. Tumia namba ya till au laini ya kazi peke yake, usichanganye na pesa ya unga. Siku utakapoomba mkopo wa kamera, taarifa ya miamala ya miezi 6 itakusemea.

Na mteja akikuonyesha ujumbe kwenye simu yake kwamba "imeenda", usikabidhi flashi bado. Angalia salio kwenye simu yako mwenyewe. Ujumbe wa uongo hutengenezwa kwa dakika moja.

Kazi ngumu kudai ni ya mazishi, tuseme ukweli. Huwezi kumfuata mjane kaburini na bili. Zungumza mapema na mweka hazina wa kamati, si na familia, na umwombe atume sehemu ya kwanza siku mnapokubaliana. Jina litakalotokea kwenye ujumbe litakuwa lake, si la marehemu, kwa hiyo andika mahali pesa hiyo ni ya kazi gani. Wiki mbili baadaye, kamati ikishavunjwa na kila mtu amerudi Nairobi, utashukuru uliandika.