Koki Inayovuja: Usiikaze, Ifungue

Katika vijiji na shule nyingi za Milima ya Usambara, maji hayahitaji pampu ili yafike nyumbani. Chemchemi iko juu, nyumba iko chini, na uzito wa maji yenyewe huyasukuma ndani ya bomba. Hiyo ni neema, lakini ndiyo pia inayozichosha koki za mabeseni ya kunawia. Makala haya yanaeleza kwa nini koki huvuja, kwa nini kuikaza kwa nguvu hakuiponyi, na jinsi mwanafunzi anavyoweza kuitengeneza kwa spana moja na kipande kidogo cha mpira.

Kimo na kanieneo

Kanieneo ni kani inayogandamiza kila kipimo kimoja cha eneo. Katika maji yaliyotulia, kanieneo hutegemea kimo, wala si upana wa bomba. Kila mita 10 za kimo huongeza nyutoni 100,000 hivi kwa kila mita ya mraba, kiasi kinachokaribiana na kanieneo ya hewa katika usawa wa bahari.

Mji wa Lushoto uko kiasi cha mita 1,400 juu ya usawa wa bahari. Mombo, inapoanzia barabara ya kupanda mlimani, iko chini zaidi kwa karibu mita 1,000. Lau bomba moja lisilokatizwa lingeshuka kutoka Lushoto hadi Mombo, kanieneo mwishoni mwake ingekaribia mara 100 ya ile ya hewa, na koki ya kawaida isingeistahimili. Kwa sababu hiyo, katika miteremko mikali mafundi hujenga matangi madogo njiani. Maji yakiingia tangini hukutana na hewa, na hesabu ya kimo huanza upya.

Ndani ya koki

Koki ya kawaida ina sehemu tatu zinazofanya kazi pamoja: kitako cha shaba chenye tundu la kupitishia maji, kipande cha mpira, ambacho mafundi hukiita washa, na mhimili wenye parafujo unaoukandamiza mpira juu ya kitako.

Tuchukue mfano wa tangi lililo mita 30 juu ya koki, na kitako chenye tundu la kipenyo cha milimita 12. Kanieneo ni nyutoni 300,000 kwa mita ya mraba. Eneo la tundu ni sentimita 1.13 za mraba. Tukizidisha, twapata kani ya nyutoni 34 hivi, sawa na uzito wa kilo tatu na nusu. Kani hiyo ni ndogo. Parafujo nayo huzidisha nguvu ya mkono mara nyingi, hata baada ya msuguano kuchukua sehemu yake. Basi vidole viwili vyatosha kuifunga koki iliyo nzima.

Koki ikianza kuvuja, wengi huikaza kwa nguvu zote. Hapo ukingo wa kitako huukata mpira, na mkato huo huwa njia mpya ya maji. Maji yapitayo kwa kasi katika upenyo mwembamba, hasa yakibeba mchanga, hukwangua na shaba yenyewe. Mchanga huo huongezeka wakati wa masika, mvua inapoosha udongo wa mashamba ya mitelemko. Mradi wa SECAP, ulioanza Lushoto mwanzoni mwa miaka ya 1980, ulihimiza upandaji wa miti na majani ya kuzuia mmomonyoko. Kinga ya shamba ni kinga ya koki pia.

Hasara ya tone moja

Matone 20 hufanya takribani mililita moja. Koki inayodondosha tone moja kila sekunde hupoteza zaidi ya lita 4 kwa siku, na zaidi ya lita 1,500 kwa mwaka. Shule yenye koki kumi za namna hiyo hupoteza ndoo mbili za lita 20 kila siku. Wakati wa kiangazi, chemchemi zinapopungua, ndoo hizo ndizo ambazo mtu atalazimika kuzipandisha kichwani kutoka bondeni.

Namna ya kutengeneza

1. Funga koki kuu, kisha fungua koki ya beseni ili maji yaliyobaki yatoke. Ziba tundu la beseni kwa kitambaa, ili parafujo isipotelee humo.

2. Ondoa mkono wa koki. Shika mwili wa koki kwa mkono mmoja, na kwa spana fungua nati ya kichwa kinyume cha mwendo wa saa.

3. Toa mhimili, ondoa mpira uliochakaa, na uweke mwingine wa kipimo kile kile.

4. Pitisha kidole juu ya kitako. Kikiwa na mikwaruzo, mpira mpya hautadumu. Kitako kisawazishwe na fundi.

5. Rudisha mhimili ukiwa umefunguliwa nusu, ndipo ukaze nati, ili mpira usipondwe. Fungua koki kuu polepole, kwani maji yanayoingia kwa mshindo huyatikisa mabomba.

Maji yakitokea kwenye maungio, zungushia nyuzi za parafujo tepu nyeupe ya mafundi, au nyuzi laini za katani zilizopakwa rangi, kwa kufuata mwendo wa saa. Katani hiyo hutokana na mkonge, zao la mashamba yaliyo chini ya milima hii.

Koki za robo mzunguko hazina washa, bali vibao viwili vya kauri. Hizo zikivuja, hubadilishwa kiini chote.

Zoezi la darasani

Walimu wa Fizikia wawaelekeze wanafunzi kukinga maji ya koki inayovuja kwa saa moja, wayapime, kisha wakadirie hasara ya mwaka mzima. Baada ya hesabu, wabadilishe mpira na kupima tena. Matokeo ya kipimo cha pili yakiwa sifuri, somo litakuwa limeeleweka, na tangi la shule litakuwa limepata nafuu.